Bangi ya kula hukaa mwilini muda gani? Maswali yanayoulizwa mara kwa mara Arusha na Moshi

Anayeuliza anaweza kuwa dereva wa watalii, mpagazi wa mlimani, kijana anayesubiri kuitwa kazini mgodini, au mama aliyejifungua juzi. Swali lao ni moja: nilikula keki, au nililishwa keki, na kipimo kiko karibu. Itaonekana?

Kwa asiye na muda wa kusoma yote, jibu ni hili. Aliyekula mara moja huonekana kwenye mkojo kwa siku 1 hadi 3, na wengine hukaribia wiki. Anayekula kila siku huonekana kwa wiki kadhaa, na wapo wanaovuka mwezi baada ya kuacha. Lakini ukiishia hapo utajidanganya, maana siku hizo hupungua au huongezeka kwa sababu ambazo watu wengi hawajaelezwa.

Kwani bangi ya kula ina tofauti gani na ya kuvuta? Si mmea uleule?

Mmea ni uleule, ila njia ya kuingia mwilini ni nyingine. Moshi hutoka mapafuni ukaingia kwenye damu na kufika kwenye ubongo ndani ya dakika chache. Keki, biskuti, chokoleti, pipi laini au chai hupita kwanza tumboni, kisha utumboni, kisha kwenye ini. Ini ndilo linalobadilisha kila kitu. THC, ile kemikali inayolevya, ikifika kwenye ini sehemu yake kubwa hugeuzwa kuwa kemikali nyingine iitwayo 11-haidroksi-THC, ambayo nayo inalevya na huingia kwenye ubongo kwa urahisi. Ndiyo maana mvutaji mzoefu anaweza kula kipande kimoja cha keki akashindwa kusimama.

Baada ya hapo ini huigeuza tena, safari hii kuwa kaboksi-THC. Hii hailevyi hata kidogo. Ni mabaki tu. Lakini ndiyo ambayo kipimo cha mkojo kinaitafuta, na ndiyo inayokaa siku nyingi.

Kwa anayekula, ulevi huanza kati ya dakika 30 na saa 2, hufika kileleni saa 2 hadi 4 baada ya kula, na huweza kuendelea saa 6 hadi 8, hata 12. Ukiwa umeshiba ugali na nyama, huchelewa zaidi. Ucheleweshaji huo ndio unaowaumiza watu. Mtu anakula kipande, anakaa saa nzima, anasema "hii keki ni uongo", anaongeza cha pili na cha tatu. Vyote vitatu vinakuja kumpanda kwa pamoja akiwa ameshaondoka kwa wenzake.

Kipimo cha mkojo kinaonyesha kwamba mtu amelewa?

Hapana, na hili ningependa kila mwajiri wa Arusha na Moshi alisikie sawasawa na kila mfanyakazi. Kipimo cha mkojo kinaonyesha mabaki. Hakijui kama mtu amelewa sasa hivi, alilewa jana, au alilewa Jumamosi ya wiki iliyopita.

Matokeo yake yanapotosha kwa pande zote mbili. Mtu aliyekula keki kwenye sherehe anaweza kusoma chanya siku nne baadaye akiwa na akili timamu kabisa. Na mtu aliyekula saa moja iliyopita, keki ndiyo inaanza kumpanda, anaweza kukojoa kwenye kikombe na kusoma hasi, kwa sababu ini bado halijatengeneza mabaki ya kutosha kufika kwenye mkojo. Huyo wa pili ndiye aliye hatarini kwenye usukani, na ndiye aliyeandikiwa kwamba yuko salama.

Sawa, lakini kwenye mkojo ni siku ngapi hasa?

Kinachoamua kuliko vyote ni mara ngapi unatumia. THC hupenda mafuta. Haiyeyuki kwenye maji kama pombe, hivyo mwili haukojoi na kumaliza. Hujificha kwenye mafuta ya mwili, kisha hurudi kwenye damu kidogo kidogo, hupita kwenye ini, hugeuzwa mabaki, na kutolewa. Sehemu kubwa, zaidi ya nusu, hutoka na choo kikubwa. Kwenye mkojo hutoka takriban moja ya tano tu.

Aliyekula mara moja katika maisha yake hana akiba kwenye mafuta. Mara nyingi siku 3 zinatosha, ingawa akiwa amekula keki kali anaweza kufika siku 5 au 6. Anayetumia mara chache kwa wiki ahesabu wiki nzima au zaidi kidogo. Anayetumia kila siku ahesabu wiki 2 hadi 4. Na wale waliotumia kwa wingi kwa miaka ni kundi la peke yao: utafiti mmoja wa 1985 ulifuatilia watumiaji wazito walioacha, na yupo aliyechukua siku 46 kupata hasi yake ya kwanza, na aliyechukua siku 77 hadi hasi zikafuatana siku kumi mfululizo. Kwa hiyo mtu akikwambia "siku thelathini zinatosha kwa kila mtu", amekukadiria tu.

Zingatia pia neno "hasi ya kwanza". Kwa mtumiaji mzito, kipimo kinaweza kusoma hasi leo, chanya kesho, hasi keshokutwa, bila yeye kugusa chochote katikati. Mkojo wa asubuhi ni mzito kuliko wa jioni baada ya kunywa maji mengi. Nimeona watu wakigombana nyumbani na kutuhumiana kwa sababu ya jambo hili tu: mzazi anampima kijana, anasoma hasi, anafurahi, siku mbili baadaye anasoma chanya na kudhani kijana amerudia. Huenda hakurudia.

Kitu cha pili ni kiwango cha mpaka. Kipimo hakiandiki "ipo" au "haipo". Kinaandika kama mabaki yamevuka kiwango fulani. Vipimo vingi vya haraka vya mkojo hutumia nanogramu 50 kwa mililita. Vingine hutumia 20 au 25. Uhakiki wa maabara kwa mashine kubwa mara nyingi hutumia 15. Mkojo uleule, wa mtu yuleyule, unaweza kuwa hasi kwenye zahanati ya jirani na chanya mahali pengine, na wote wawili hawajakosea. Kabla ya kubishana na majibu, uliza: kipimo hiki mpaka wake ni ngapi?

Unene na umri huchangia kidogo. Jinsi ini la mtu linavyofanya kazi huchangia pia, na hilo hakuna anayelijua kwa kujitazama kwenye kioo.

Na kwenye damu, mate na nywele?

Damu: THC yenyewe hupotea kwa wengi ndani ya saa 12 hadi 24. Mabaki hukaa siku kadhaa. Kwa mtumiaji wa kila siku, THC kidogo inaweza kuonekana hata wiki kadhaa baada ya kuacha, ikivuja kutoka kwenye mafuta.

Mate: hapa bangi ya kula ina tabia yake. Kipimo cha mate huokota hasa kile kilichogusa mdomo. Mvutaji huacha moshi mdomoni. Mla keki huacha chembe za keki wakati wa kutafuna, na aliyemeza kidonge huweza asiache karibu chochote. Kwa ujumla ni siku moja, na kwa mtumiaji wa kila siku siku tatu au zaidi.

Nywele: nywele za kichwani hukua takriban sentimita 1 kwa mwezi, kwa hiyo kipande cha sentimita 3 hadi 4 kutoka kwenye ngozi husimulia miezi 3. Mabaki hayaonekani kwenye nywele siku ileile; huchukua karibu wiki nywele kuchomoza juu ya ngozi. Kipimo hiki ni kizuri kumkamata mtumiaji wa kila wakati, na dhaifu kumkamata aliyekula mara moja.

Nilikula kipande kidogo tu. Udogo wa kipande unasaidia?

Ungesaidia kama ungejua kipande kina nini. Nchini Kanada, ambako bangi ya kula iliruhusiwa kuuzwa 2019, pakiti nzima hairuhusiwi kuzidi miligramu 10 za THC, na imeandikwa. Keki iliyookwa kwa kificho hapa mjini, kwa siagi iliyochemshwa na kitu cha Arusha, yaani bangi ya huku, au na skanka, yaani bangi kali, haina aliyeipima. Mafuta hayachanganyiki sawasawa kwenye unga. Upande mmoja wa sinia unaweza kuwa keki ya kawaida na upande wa pili ukawa na dozi ya watu watano. Kwa hiyo kipande kidogo hakikuambii kitu.

Wageni waliniachia pipi zao wakati wa kuondoka. Kwao ni halali. Kuna tatizo?

Lipo, kubwa. Waongozaji na wapagazi hupewa vitu vingi mwisho wa safari: viatu, makoti, dawa, vitafunwa vilivyobaki. Pipi laini za bangi hufanana kabisa na pipi za watoto. Soma maandishi ya pakiti. Ukiona THC, au picha ya jani, si pipi ya kupeleka nyumbani.

Na uhalali wa kwao haukulindi hapa. Kwa Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ya 2015, bangi ni kosa kulima, kumiliki, kusafirisha, kuuza na kutumia, iwe jani au iwe ndani ya chokoleti. Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya inafahamu vizuri habari ya bangi ndani ya biskuti, na wilaya ya Arumeru, hasa kule Kisimiri, imefyekwa mashamba mara nyingi. Ukivuka Namanga kwenda Kenya sheria nako inakataza. Anayekupa pipi kama asante atapanda ndege KIA jioni hiyo, na wewe utabaki nazo.

Maziwa, asali, siki, maji mengi, mlonge: vinasafisha?

Hakuna hata kimoja kinachosafisha. Mabaki yako kwenye mafuta na yanatoka kwa mwendo wa ini. Maziwa hayafiki huko, siki haifiki huko, na chupa za "dawa ya kusafisha" zinazouzwa kwa bei ya kuumiza hazifiki huko.

Maji mengi yanafanya kitu kimoja: yanazimua mkojo, yaani yanaufanya mwepesi. Maabara inayojua kazi yake hupima pia kriatinini, taka ya misuli inayotoka na mkojo, na uzito wa mkojo. Kriatinini ikiwa chini ya miligramu 20 kwa desilita, mkojo huandikwa kwamba umezimuliwa, na wewe unaitwa kupimwa tena. Ukizidisha maji kwa muda mfupi, chumvi ya damu hushuka, na hapo mtu anaweza kuchanganyikiwa, kupata degedege na kufa. Kuhusu wanaoambiana wanywe dawa ya kufulia nguo: hiyo inaunguza koo na tumbo, na mabaki yanabaki palepale. Tafadhali, kama kuna kijana wako anasikia ushauri huo mtaani, mwambie leo.

Kufunga na mazoezi je? Mafuta yakiungua si bangi inaisha?

Wazo lina mantiki, na ndiyo maana linapendwa. Mafuta yakiungua, THC iliyojificha humo huachiwa kwenye damu. Lakini kuachiwa si kutoka. Inarudi kwenye damu, na ini bado lina kazi yake. Watafiti wa Australia waliwaendeshesha watumiaji wa kila siku baiskeli kwa dakika 35 na wakaona THC ya damu ikipanda kidogo baada ya zoezi. Kwa hiyo anayefunga na kukimbia hadi Njiro siku moja kabla ya kipimo hapati faida yoyote ya uhakika. Funga kwa ajili ya Kwaresima au Ramadhani. Kwa ajili ya kipimo haina maana.

Niliwekewa bila kujua. Kipimo kitanitofautisha?

Hakitakutofautisha. Ini halijui kama ulikubali au ulilaghaiwa. Kinachoweza kukusaidia ni kumbukumbu ya siku ileile. Ukijisikia umelewa baada ya kula kitu usichokijua, moyo unaenda mbio, mdomo umekauka, dakika zinakuwa kama saa, nenda hospitali siku hiyohiyo na ueleze, ili daktari aandike kwenye faili muda uliokula na hali yako. Kisha mwambie mwajiri kabla ya kupimwa. Maelezo yaliyotolewa kabla ya majibu yana uzito ambao maelezo ya baada ya majibu hayana. Najua inatisha kujisema. Bado ndiyo njia yenye nafasi nzuri zaidi.

Na kuwawekea watu bangi kwenye keki ya sherehe "ili wachangamke" ni ukatili. Yule mgeni wako anaweza kuwa dereva mwenye kipimo Jumatatu, au mama mwenye mimba ya miezi mitatu ambaye hajamwambia mtu.

Nimesoma chanya na sijawahi kugusa. Inawezekana?

Inawezekana. Kipimo cha haraka kinatambua umbo la kemikali, na kemikali nyingine hufanana nayo. Efavirenzi, dawa ya VVU iliyotumika sana nchini kabla ya dolutegraviri kuchukua nafasi yake, imejulikana kwa miaka mingi kuleta chanya ya uongo kwenye baadhi ya vipimo vya bangi. Pantoprazoli, dawa ya vidonda vya tumbo, nayo imetajwa. Mafuta ya CBD, kemikali ya bangi isiyolevya, yanayouzwa kama dawa ya usingizi au maumivu yanaweza kuwa na THC ndani, na hapo chanya si ya uongo.

Moshi wa jirani? Kwa mpaka wa nanogramu 50, kukaa karibu na wavutaji mahali pa wazi hakutoshi. Inahitaji chumba kidogo kilichofungwa na moshi mzito kwa muda mrefu.

Unachopaswa kudai ni uhakiki. Kipimo cha haraka ni cha kuchuja watu, si cha kuhukumu. Sampuli ileile irudiwe kwa mashine inayotenganisha kemikali moja moja na kuitambua kwa uzito wake. Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali ina ofisi ya Kanda ya Kaskazini hapa Arusha. Ukitumia dawa za VVU, huna haja ya kumtajia meneja. Mweleze daktari au mtaalamu wa maabara faraghani, ndiyo kazi yake kuitunza siri hiyo. Kumfukuza mtu kazi kwa kipimo kimoja cha haraka bila uhakiki ni dhuluma, na naisema hivyo hata mbele ya waajiri.

Mimi ni mkimbiaji. Nikila wiki moja kabla ya mashindano?

Kanuni za dunia za kupambana na dawa michezoni huzuia bangi wakati wa mashindano tu, na tangu 2013 kizingiti cha kaboksi-THC ni nanogramu 150 kwa mililita ya mkojo, juu sana kuliko kipimo cha kazini. CBD ilitolewa kwenye orodha ya vilivyokatazwa 2018. Lakini mkimbiaji anayetumia mara kwa mara anaweza kuvuka hata 150. Mmarekani Sha'Carri Richardson alishinda mita 100 kwenye majaribio ya taifa lake 2021, akapimwa chanya, akafungiwa mwezi mmoja na kukosa mbio hizo kwenye Olimpiki ya Tokyo. Majaribio yalifanyika Oregon, ambako bangi ni halali. Uhalali haukumsaidia.

Nikila usiku, asubuhi naweza kuendesha?

Usiendeshe. Keki ya saa nne usiku inaweza kuwa bado inafanya kazi saa kumi na mbili asubuhi, na uzito wa kichwa huvuta hadi saa 24. Kile kifaa cha trafiki cha kupuliza kinapima pombe peke yake. Kupita salama pale Kikatiti au Boma Ng'ombe hakumaanishi uko sawa. Ukichanganya na bia, mambo huharibika maradufu. Subiri siku nzima ipite.

Ninanyonyesha. Nikamue maziwa ya siku moja niyamwage, yatosha?

Haitoshi, dada. Kwa pombe mwili husafisha maziwa ndani ya saa chache. THC hufuata mafuta, na maziwa ya mama yana mafuta. Imeonekana kwenye maziwa siku 6 baada ya kutumia mara ya mwisho, na kwa akina mama waliotumia sana wakati wa ujauzito imeonekana hata wiki 6 baada ya kuacha. Usiamue peke yako kumwachisha mtoto. Nenda kliniki, mweleze muuguzi kwamba ulikula, lini na mara ngapi, mpange pamoja.

Mtoto amekula. Itamtoka lini, na tufanye nini sasa?

Sasa hivi ni hospitali: Mount Meru ukiwa Arusha, Mawenzi au KCMC ukiwa Moshi, au kituo chochote kilicho karibu zaidi. Usisubiri uone dalili, kwa sababu zinaweza kuchelewa saa mbili au zaidi kisha zikaja kwa nguvu: usingizi mzito, kuyumba, kulegea kama kitambaa, macho mekundu, kupumua polepole, wakati mwingine degedege. Usimtapishe na usimlazimishe maziwa. Mtoto mwenye usingizi anaweza kupaliwa. Mlaze ubavu, angalia pumzi, beba pakiti au kipande kilichobaki.

Mwambie daktari ni bangi. Watoto wengi hupimwa malaria, homa ya uti wa mgongo, hata kuchomwa sindano ya mgongo, kwa sababu tu mtu mzima aliogopa kutaja keki. Matibabu yenyewe ni kumtazama, kumpa maji ya mshipa, na kumsaidia kupumua ikibidi. Wengi huamka vizuri ndani ya siku moja au mbili.

Mkojo wake utaendelea kusoma chanya kwa siku kadhaa baada ya yeye kuwa anacheza uwanjani. Akipimwa tena katika siku hizo na kusoma chanya, hiyo ni keki ileile ya kwanza. Haimaanishi kuna aliyempa nyingine.